Mkopo wa Milioni 5, Malipo ya Milioni 15

Barua ya mkopo wa nyumba huwa na kurasa nyingi, na karibu kila anayeipokea huipekua akitafuta tarakimu moja: nitakatwa kiasi gani kila mwezi? Akishaiona anaitoa kwenye mshahara, anatoa karo, chakula na nauli, na kilichobaki kikitosha anasaini. Ni jambo la kueleweka, kwa kuwa maisha ya mfanyakazi hupimwa mwisho wa mwezi. Lakini rejesho la mwezi halikwambii nyumba itakugharimu nini. Linaweza hata kukufumba macho, kwa sababu ipo njia nyepesi mno ya kulifanya lionekane dogo, nayo ni kuurefusha mkopo. Kila mwaka unaoongezwa una bei yake, na anayeilipa ni mkopaji.

Makala hii naiandika kwa ajili ya mtu ambaye bado hajasaini, na pia kwa aliyesaini miaka kadhaa iliyopita na hajawahi kuuliza deni lake limefika wapi. Nitatumia mfano wa Kenya, ambako mikopo ya nyumba bado ni michache sana: nchi yenye watu zaidi ya milioni 50 ina akaunti za mikopo hiyo zipatazo 30,000 hivi. Waliobaki hujenga polepole, tofali kwa tofali, kwa akiba na mikopo ya Sacco. Hesabu yenyewe haijali mpaka. Msomaji wa Dar es Salaam au Mwanza, ambako riba ya mikopo ya nyumba kwa miaka mingi imekuwa kati ya asilimia 15 na 19, ajue kwamba hesabu nitakayoifanya hapa ni nyepesi kuliko yake.

Tuchukue nyumba ya shilingi 6,250,000. Mnunuzi ana asilimia 20 mkononi, yaani shilingi 1,250,000, na benki inampa milioni 5 zilizobaki kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, alipe kwa miaka 20. Riba hiyo haina ajabu. Ndiyo iliyokuwa ikizunguka wastani wa soko la Kenya mwaka 2023. Rejesho lake linakuwa shilingi 62,176 kwa mwezi. Zidisha kwa miezi 240 upate shilingi 14,922,240. Ongeza malipo ya awali, na nyumba ya milioni 6 na robo imekula zaidi ya milioni 16 kabla hujagusa ushuru, mawakili na bima. Riba peke yake inakaribia milioni 10, mara mbili ya fedha ulizokopa.

Hakuna udanganyifu katika hesabu hiyo. Benki hutoza riba juu ya salio la deni, na salio likishuka polepole riba nayo hushuka polepole. Mwezi wa kwanza salio ni milioni 5 kamili. Asilimia 14 ya mwaka ukiigawa kwa miezi 12 unapata riba ya shilingi 58,333. Wewe umelipa 62,176. Kilichobaki kupunguza deni ni shilingi 3,843. Mwezi wa pili deni limepungua kwa hizo 3,843, hivyo riba inashuka kwa shilingi 45 hivi, na hizo 45 zinahamia upande wa kulipunguza deni. Ndivyo mkopo unavyoanza: karibu rejesho lote ni riba, na sehemu ndogo mno ndiyo inayoigusa nyumba.

Angalia mwaka wa kwanza unavyoisha. Umelipa jumla ya shilingi 746,000 na ushei. Deni limepungua kwa shilingi 49,190. Baada ya miaka 5 umelipa zaidi ya milioni 3.7, na bado unadaiwa milioni 4.67. Baada ya miaka 10, nusu ya safari kwa kalenda, umelipa karibu milioni 7.5 na unadaiwa milioni 4 na kidogo. Nusu ya deni hutaimaliza hadi mwezi wa 186, yaani baada ya miaka 15 na miezi 6. Ile nusu nyingine ndiyo inayomalizika kwa miaka minne na nusu ya mwisho.

Nimekawia hapa kwa makusudi, kwa sababu hili ndilo linalowashtua watu wanapohamishwa kikazi au wanapotaka kuuza nyumba mwaka wa tano. Mtu hudhani kwamba kwa kuwa amelipa robo ya muda, amelipa robo ya nyumba. Anapoomba taarifa ya salio ndipo anapogundua kwamba akiuza kwa bei ile ile aliyonunulia, benki itachukua karibu kiasi kile kile ilichompa. Kama unajua moyoni kwamba huenda usikae katika nyumba hiyo miaka kumi, hesabu ya kununua kwa mkopo wa riba ya namna hii ni ngumu kusimama, isipokuwa bei za eneo hilo ziwe zimepanda kweli, si kwa maneno ya dalali.

Basi kabla ya kusaini, omba jedwali la marejesho. Ni karatasi, au faili la kompyuta, inayoonyesha kila mwezi kuanzia wa kwanza hadi wa mwisho: kiasi unacholipa, sehemu inayokwenda kwenye riba, sehemu inayopunguza deni, na salio linalobaki. Benki zote zinalo. Tangu 2017 Benki Kuu ya Kenya na chama cha mabenki wamekuwa na tovuti ya pamoja ya kulinganisha gharama kamili ya mikopo, kwa hiyo hakuna afisa atakayeshangaa ukiuliza. Usiridhike na maelezo ya mdomo. Lichukue jedwali nyumbani, keti na mwenzi wako, mpitishe kidole kwenye safu ya salio mwaka kwa mwaka. Ukitoka hapo bado unautaka mkopo, utakuwa umeutaka kwa macho yaliyo wazi.

Maneno utakayoyasikia mara nyingi ni haya: kodi ya pango ni fedha inayopotea, afadhali ulipie chako. Yana ukweli nusu. Kodi hairudi, kweli. Lakini na riba hairudi. Kwa mfano wetu, riba ya mwaka wa kwanza peke yake ni karibu shilingi 697,000. Kama nyumba ya aina hiyo hiyo, mtaa ule ule, inapangishwa kwa shilingi 35,000 kwa mwezi, kodi ya mwaka mzima ni 420,000. Mpangaji amepoteza 420,000. Mwenye mkopo amepoteza 697,000, na juu yake anarekebisha bomba likipasuka na kupaka rangi ukuta mwenyewe. Kwa miaka ya mwanzo, anayepanga na kuweka akiba ile tofauti bila kuigusa anaweza kuwa mbele. Tatizo ni lile neno "bila kuigusa". Wengi hatuwezi, na mkopo huwa ni akiba ya lazima. Hiyo ni sababu halali ya kukopa, mradi ujue unalipa kiasi gani kwa ajili ya kulazimishwa.

Lazima pia niseme upande wa pili kwa haki, maana wapo wanaotumia tarakimu za riba kuwatisha watu. Shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kila mwaka, kile kiwango ambacho Benki Kuu ya Kenya hulenga, rejesho la mwisho la 62,176 litakuwa na uzito wa kama shilingi 23,400 za leo. Kodi ya pango itakuwa imepanda mara kadhaa, na rejesho lako, riba isipobadilika, limekaa palepale. Mwenye mshahara unaopanda atapumua kadiri miaka inavyokwenda. Kwa hiyo milioni 15 si milioni 15 za leo. Hata hivyo asilimia 14 inaupita mfumuko wa asilimia 5 kwa mbali sana. Ukiondoa kupanda kwa bei bado unakodi fedha kwa gharama kubwa. Na si kila mshahara hupanda.

Sasa tuje kwenye muda, maana hapo ndipo watu wengi wanapoumia bila kujua. Mkopo ule ule wa milioni 5 kwa asilimia 14 ukiulipa kwa miaka 15, rejesho ni shilingi 66,587. Ukiulipa kwa miaka 25, rejesho ni 60,188. Tazama jinsi tofauti ilivyo ndogo. Kutoka miaka 20 kwenda 25 unapata nafuu ya shilingi 1,988 kwa mwezi, na kwa nafuu hiyo unalipa milioni 3.1 zaidi mwisho wa safari, jumla milioni 18. Kutoka miaka 20 kushuka 15 unaongeza shilingi 4,411 kwa mwezi na unaokoa milioni 2.9. Sababu ni hii: riba ya mwezi wa kwanza ni 58,333, na rejesho haliwezi kushuka chini ya hapo hata ukipewa miaka mia. Riba ikiwa juu, kurefusha muda hakukupi nafuu ya maana. Kunaongeza tu idadi ya miezi unayolipa. Afisa akikwambia, "Tutakuongezea miaka ili upate unafuu," mwombe akuandikie pembeni ya unafuu huo jumla ya malipo yote.

Kinachopunguza rejesho kwa kweli ni riba ndogo na mkopo mdogo. Milioni 5 hizo hizo kwa asilimia 9.5 kwa miaka 20 zinarudishwa kwa shilingi 46,607 kwa mwezi, jumla milioni 11.2. Umeokoa zaidi ya milioni 3.7 kwa kubadilisha mlango wa kuingilia tu. Kenya ilianzisha kampuni ya kuzikopesha benki na Sacco fedha za muda mrefu kwa ajili ya nyumba, KMRC, mwaka 2018, ili mwananchi wa kipato cha kati apate riba isiyofika asilimia 10. Tanzania ina TMRC yenye kazi inayofanana. Mikopo ya KMRC ina masharti ya kipato na kikomo cha ukubwa wa mkopo, na masharti hayo hurekebishwa, kwa hiyo uliza yalivyo sasa katika benki au Sacco yako kabla ya kukubali riba ya kawaida. Kuhusu ukubwa wa mkopo, kwa asilimia 14 na miaka 20 kila laki moja usiyokopa ni karibu laki tatu usizolipa. Mtu anayesubiri mwaka mmoja zaidi ili aongeze nusu milioni kwenye malipo ya awali anajiokoa shilingi milioni moja na nusu za marejesho. Subira ya namna hiyo ina mshahara mzuri kuliko kazi nyingi.

Mpaka hapa nimefanya hesabu kana kwamba riba haibadiliki. Mikopo mingi ya nyumba katika Kenya ni ya riba inayobadilika, na miaka ya karibuni imetuonyesha maana yake. Kiwango cha riba cha Benki Kuu kilikuwa asilimia 7 kuanzia Aprili 2020 hadi Mei 2022. Kufikia Februari 2024 kilikuwa asilimia 13. Benki zilipandisha riba za mikopo, ya zamani na mipya. Kiwango hicho kilianza kushushwa Agosti 2024, na katikati ya 2025 kilikuwa chini ya asilimia 10, lakini riba za wakopaji zilishuka kwa kusuasua hadi Benki Kuu ikazihimiza benki hadharani zishushe.

Fikiria mtu aliyechukua milioni 5 kwa asilimia 12, miaka 20, rejesho 55,054. Baada ya miaka 2 salio lake ni milioni 4.86. Benki inapandisha riba hadi asilimia 16. Riba ya mwezi mmoja kwa salio hilo sasa ni shilingi 64,849, zaidi ya rejesho lake zima. Akiendelea kulipa 55,054 zile zile, deni haliteremki. Linapanda kwa karibu shilingi 9,800 mwezi wa kwanza, na zaidi mwezi unaofuata. Ili amalize kwa muda ule ule uliopangwa, rejesho lazima lifike 68,784. Hapo bajeti ya nyumba inapungukiwa na shilingi 13,700 kila mwezi, na mtu huyo hajafanya kosa lolote.

Kwa hiyo, ukikopa kwa riba inayobadilika, usijipime kwa riba ya leo. Mwombe afisa akupe rejesho kwa riba ya leo na kwa riba iliyo juu kwa pointi nne. Kama ile ya pili inakunyima usingizi, punguza mkopo. Uliza pia riba inafungwa kwenye kigezo gani, inapitiwa mara ngapi, na utapewa taarifa ya muda gani kabla ya mabadiliko. Riba ikipanda, benki nyingine huongeza rejesho na nyingine huongeza miezi. Ile ya pili huuma kimyakimya: unaona rejesho halijabadilika, unashukuru, kumbe umeongezewa miaka. Kila unapopata barua ya mabadiliko ya riba, omba jedwali jipya.

Neno moja kuhusu riba ambayo haishuki na salio. Baadhi ya wakopeshaji, hasa kwa viwanja na mikopo ya ujenzi, hutaja riba ndogo lakini huipiga juu ya mkopo wote wa mwanzo hadi siku ya mwisho, hata ukiwa umebakisha kidogo. Milioni 1 kwa asilimia 10 ya namna hiyo, miaka 5, ni rejesho la shilingi 25,000 kwa mwezi. Ukiibadilisha kuwa riba ya salio linalopungua, ni zaidi ya asilimia 17. Sacco inayotoza asilimia 1 kwa mwezi juu ya salio, yaani 12 kwa mwaka, ni nafuu kuliko hiyo "10". Uliza daima: riba hii ni juu ya salio au juu ya mkopo wa mwanzo?

Na kwa msomaji wa Mombasa, Lamu au popote asiyetaka riba kwa sababu ya dini: benki za Kiislamu hununua nyumba na kukuuzia kwa faida iliyotajwa, au humiliki pamoja nawe huku ukinunua hisa zake na kulipia matumizi ya sehemu yake. Mikataba ni ya aina nyingine na hukumu zake za kisheria ni nyingine. Lakini swali la jumla linabaki lile lile, na una haki ya kuliuliza bila haya: nikimaliza, nitakuwa nimetoa shilingi ngapi zote kwa pamoja, na nikitaka kumaliza mapema itakuwaje?

Gharama za kuingia nazo zisikushtukize. Ushuru wa stempu ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba mjini na asilimia 2 nje ya miji. Kwa nyumba yetu ya mjini ni shilingi 250,000, na kuna ushuru mwingine mdogo wa kusajili rehani. Wanaonunua nyumba yao ya kwanza chini ya mpango wa nyumba nafuu wana msamaha, kwa hiyo ulizia. Utamlipa wakili wako, na kwa kawaida utamlipa na wakili wa benki. Utamlipa mthamini. Benki itatoza ada ya kuandaa mkopo, mara nyingi asilimia 1 au zaidi. Ikikuambia kwamba ada zote hizi "zitaingizwa ndani ya mkopo", kumbuka ile hesabu ya laki moja na laki tatu. Kisha kuna bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto, ambazo ni za kila mwaka. Uliza kama unaruhusiwa kuleta kampuni ya bima uliyoichagua mwenyewe, kwani bei hutofautiana. Nyumba za ghorofa zina ada ya huduma ya kila mwezi kwa ajili ya lifti, walinzi, maji na taka, na ada hiyo haimaliziki mkopo ukiisha. Viwanja vina ushuru wa kaunti, na vile vya kukodi kutoka serikalini vina kodi yake.

Sasa nije kwenye jambo ambalo, kwa maoni yangu, ndilo linalomfaa zaidi mtu aliyekwisha kusaini. Riba huzaliwa na salio, kwa hiyo kila shilingi unayoilipa juu ya rejesho inakwenda moja kwa moja kwenye salio na kuua riba yote ambayo shilingi hiyo ingeizaa hadi mwisho. Mwenye mkopo wetu akiongeza shilingi 5,000 kila mwezi tangu mwanzo, mkopo wa miaka 20 unaisha kwa miaka 14 na miezi 7, na anaokoa karibu milioni 3.2. Elfu tano kwa mwezi si fedha ndogo kwa familia nyingi, lakini ni chini ya kile ambacho wengi hukipata mshahara unapopanda mara moja.

Jinsi muda unavyotenda kazi hapa ni jambo la kulishika kabisa. Akipata shilingi 200,000, tuseme bonasi au mavuno, akazilipa mwisho wa mwaka wa kwanza huku akiendelea na rejesho la kawaida, mkopo unafupika kwa miaka 3 na anaokoa zaidi ya milioni 2 juu ya zile laki mbili. Akizilipa laki mbili hizo hizo mwaka wa 15, mkopo unafupika kwa miezi 6 na anaokoa chini ya laki mbili. Watu wengi hufanya kinyume: miaka ya mwanzo bonasi inanunua makochi na mapazia ya nyumba mpya, na miaka ya mwisho, deni likiwa limeshaanza kushuka lenyewe, ndipo wanapokimbilia kulimaliza. Makochi yanaweza kusubiri. Salio la mwaka wa kwanza halisubiri.

Kuna tahadhari tatu. Kwanza, soma mkataba uone kama kuna faini ya kulipa mapema, na kama ipo ni kiasi gani na hadi mwaka gani. Hili lijadiliwe kabla ya kusaini, ukiwa bado una nguvu ya kuondoka. Pili, unapolipa ziada, andika barua au baruapepe kusema wazi kwamba fedha hizo ni za kupunguza deni la msingi na kwamba unataka muda ufupishwe. Usipoandika, benki inaweza kuziweka kama malipo ya miezi ijayo, na hapo hujaokoa kitu, au ikashusha rejesho na kuacha muda palepale. Mwezi unaofuata omba salio uthibitishe. Tatu, usimwage kila ulicho nacho kwenye nyumba. Weka pembeni fedha za kuishi miezi mitatu hadi sita, maana nyumba haikukopeshi ukifukuzwa kazi. Na ziko nyakati ambapo fedha hufanya kazi vizuri zaidi mahali pengine: Februari 2024 serikali ya Kenya iliuza hatifungani ya miundombinu yenye riba ya zaidi ya asilimia 18, isiyotozwa kodi. Mwenye mkopo wa asilimia 14 aliyekuwa na akiba angefanya vyema kuinunua. Nyakati hizo ni chache, lakini linganisha.

Kwa mfanyakazi wa Kenya ipo pia nafuu ya kodi ambayo wengi huiacha mezani. Riba ya mkopo wa nyumba unayoishi hutolewa kwenye kipato kinachotozwa kodi, na tangu mwisho wa Desemba 2024 kikomo ni shilingi 360,000 kwa mwaka, yaani 30,000 kwa mwezi. Awali kilikuwa 25,000. Kwa aliye katika ngazi ya asilimia 30, ni shilingi 9,000 kila mwezi zinazobaki mfukoni. Mpelekee mwajiri cheti cha riba kutoka benki, au uidai mwenyewe unapojaza ritani ya kodi ya mamlaka ya mapato, KRA. Ukizipata hizo 9,000, unajua tayari pa kuzipeleka.

Ikitokea umeteleza na huwezi kulipa, nenda benki kabla ya rejesho la pili kukosekana, si baada ya barua ya tatu. Benki inaweza kupanga upya mkopo, na mteja aliyekuja mwenyewe husikilizwa tofauti na aliyetafutwa. Sheria inakupa muda: chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012 ni lazima upewe ilani ya miezi 3 ya kurekebisha, kisha ilani ya siku 40 ya kuuza, na dalali wa mnada naye hutoa ilani ya siku 45. Muda huo ni wa kutafuta mnunuzi mwenyewe kwa bei ya soko, kwa kuwa mnadani bei huporomoka. Sheria ya Mabenki nayo ina kikomo: mkopo ukishaingia kwenye orodha ya mikopo isiyolipika, riba itakayodaiwa juu yake haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwepo siku hiyo. Wakopaji wengi wamelipishwa zaidi kwa kutojua. Na kama nyumba ni ya familia, rehani bila saini ya mume au mke haisimami kisheria, kwa hiyo asisaini mtu kitu ambacho hajasomewa.

Siku ya rejesho la mwisho kuna kazi moja iliyobaki. Kumaliza kulipa hakuondoi jina la benki kwenye rejista ya ardhi. Iandikie benki kudai hati ya kuondoa rehani na hatimiliki yako ya asili, mpe wakili aisajili kwenye ofisi ya ardhi au kwenye mfumo wa Ardhisasa kwa maeneo yaliyoingizwa humo, lipa ada ndogo inayotakiwa, kisha fanya upekuzi rasmi wa kiwanja chako mwenyewe. Wapo waliofariki wakiwa wamemaliza deni, na watoto wao wakahangaika miaka na mirathi kwa sababu karatasi hiyo moja haikusajiliwa. Upekuzi ukirudi bila rehani yoyote dhidi ya kiwanja, weka nakala pamoja na hatimiliki, na umwambie mwenzi wako zilipo.